Kiti cha Bi Mize katika Nchi ya Hakika

Jinsi nilivyofika nchi ya Hakika si habari ya kumchosha msomaji. Nilifika, nikapokewa, na kwa siku kumi na tisa nilitendewa kwa adabu ambayo sijawahi kuipata popote, hata nyumbani kwa wakwe zangu. Naandika kwa sababu huko kuna mtu niliyemkosea, na kwa kuwa siwezi tena kumwomba radhi, angalau nieleze jambo lilivyotokea.

Jina langu ni Hizza. Nilifundisha hesabu sekondari kwa miaka thelathini na miwili, nikastaafu nikijiona mtu anayejua hesabu ni nini. Hakika ni nchi ya wanahisabati. Wapo wakulima na mafundi pia, lakini raia kamili ni yule tu aliyethibitisha jambo ambalo halikuwahi kuthibitishwa na mtu. Nilipoambiwa hivyo mpakani nilifurahi kama mtoto, nikasema hapa ndipo nilipostahili kuzaliwa.

Kilichonishangaza mwanzo ni kwamba mji mzima hauna pa kukaa. Hakuna benchi, hakuna kigoda, hakuna hata jiwe la kupumzikia. Watu hula wamesimama, sahani zikiwa juu ya rafu iliyogongomewa ukutani usawa wa kifua. Wagonjwa hulala, na watoto wadogo huruhusiwa kukaa chini, lakini kiti ni kitu kingine kabisa, na nitakuja kukieleza. Jioni ya kwanza miguu iliniwaka moto. Nikaketi kwenye ngazi ya nyumba ya wageni, na watu waliokuwa wakipita wakageuza nyuso kwa aibu, kana kwamba nimevua nguo.

Salamu zao nazo ni za ajabu. Mtu akikutana na mwenzake husema, "Nakutaja," naye hujibu, "Nami nakutaja," kisha kila mmoja huandika jina la mwenzake kwenye kijikaratasi. Mwisho wa mwezi vijikaratasi hupelekwa ofisini na kupimwa kwenye mizani. Ambaye vya kwake ni vyepesi hufuatwa nyumbani na watu wawili wapole, wakamuuliza ana maisha gani. Niliona wanaume wazima wakivuka barabara mbio ili wasalimiane na watu wasiowajua.

Tena kuna desturi ya kunakili. Kila njia panda pana ubao, na yeyote akishika chaki na kuanza kuandika, wote waliopo husimama na kunakili mpaka amalize. Nilipoingia nchini nilivishwa daftari shingoni kwa kamba, na kalamu juu yake. Kutonakili ni utovu wa adabu mkubwa kuliko kutoitikia salamu. Sikuona ubaya. Mimi mwenyewe niliwanakilisha watu miaka thelathini na miwili, na darasa likiwa kimya, kalamu zikikwaruza, niliamini kwamba linafunzika. Siku ya nne mkono wangu ulikuwa ukienda wenyewe. Nilifika mahali nikakuta nimenakili tangazo la kukatika kwa maji, pamoja na sahihi ya aliyelibandika.

Mwenyeji niliyepangiwa aliitwa Bi Mize. Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini hivi, mrefu, mwenye sauti ya chini na vifundo vya miguu vilivyovimba kwa kusimama. Mikono ya gauni lake ilikuwa na chaki isiyotoka. Yeye ndiye aliyenieleza mtu anavyopanda cheo katika nchi ile.

"Ukimaliza masomo unakuwa Mbebaji," aliniambia. "Unabeba makaratasi ya mtu mwingine miaka mitano. Baadaye unakuwa Mpita. Mpita kila mwaka anahamia mji mwingine, na haruhusiwi kupanda mti wala kupigilia msumari ukutani."

"Kwa nini?"

"Asije akajizoesha. Mimi nilipita miji sita. Mume wangu alichoka kwenye wa tatu. Ukimaliza hapo unakuwa Mngoja Kiti, unangoja ukiwa umesimama. Mimi nangoja mwaka wa kumi na sita huu, Mwalimu. Ijumaa ya wiki ijayo wananikalisha."

Nikampongeza. Nilimpongeza kwa moyo wote, nikamwambia kwamba kwetu mtu wa namna yake angechinjiwa mbuzi. Aliniangalia kidogo, akasema, "Twende nikakuonyeshe Viti."

Jumba la Viti lipo katikati ya mji, jeupe, lisilo na madirisha upande wa barabara. Ndani kuna ukumbi mrefu na viti themanini na vinne vya mti mweusi, vimepangwa safu saba, na karibu vyote vina watu. Hao ndio waliofika. Wazee kwa vijana, wanaume kwa wanawake, wamekaa wima, mikono juu ya mapaja, macho wazi. Hakuna aliyegeuka tulipoingia. Nilidhani ni sanamu, kisha nikaona vifua vyao vinapanda na kushuka, vyote kwa pamoja, taratibu, kama kifua kimoja. Nilitaka kutoka, na nisingeona haya kukimbia.

Juu ya mapaja ya baadhi yao palikuwa na mafungu ya karatasi. Bi Mize alininong'oneza kwamba hizo ni kazi zinazosomwa. Sheria inataka kila uthibitisho usomwe na Viti vitatu. Karatasi huwekwa mapajani kwa siku arobaini, na Kiti kisipotamka neno lolote la kupinga, kazi imepita.

"Na huwa vinatamka?"

"Tangu nizaliwe, hapana."

"Lakini hawa watu wanasoma kweli?"

Ukurasa wa juu wa fungu lililokuwa karibu nami ulikuwa na vumbi, na juu ya vumbi palikuwa na alama za miguu ya mjusi. Mwenye Kiti kile alikuwa mzee mwenye uso mwema. Bi Mize aliniambia kwamba ndiye aliyemfundisha, na kwamba hakuwahi kuona mtu mwenye akili kali wala mwenye mdomo kama yule. Siku aliyokalishwa alikuwa akibishana njia nzima. Alikaa, akashusha pumzi, na hakusema tena.

"Ndivyo inavyokuwa," alisema. "Hakuna anayewafanya kitu. Wanakaa tu."

Tulipotoka nje aliniomba jambo ambalo hakuna mtu aliyewahi kuniomba tangu niache chaki. Aliniomba nisome kazi yake. Kurasa mia moja na tisa, miaka kumi na sita, Viti vitatu viliipitisha, watu kumi na mmoja wameshajenga kazi zao juu yake, na hakuna mtu hata mmoja aliyeisoma. Nikamwambia mimi ni mwalimu wa sekondari tu. Akasema, "Basi utasoma polepole."

Kazi yenyewe ilihusu mafundo. Alithibitisha kwamba fundo lolote la jamii fulani, hata likiwa na mizunguko elfu, linaweza kufunguliwa bila kuukata uzi. Nilisoma siku nne, nimesimama mbele ya rafu ya chakula chumbani kwangu, na lazima niseme kwamba sehemu kubwa ilinipita. Lakini ilikuwa nzuri. Hata nisipoelewa niliona jinsi alivyokuwa akikaribia jambo kwa subira, akilizunguka, akirudi nyuma, na mara mbili nilicheka peke yangu kwa furaha. Kisha nikafika ukurasa wa arobaini na moja. Hapo aliandika kwamba fundo dogo lililo ndani ya kubwa, ni dhahiri, haliwezi kulizuia kubwa lisifunguke.

Mimi nimesahihisha madaftari maelfu, na neno "dhahiri" huwa linaniwasha. Nikavua kamba ya kiatu. Nikafunga fundo kama alivyoeleza, na dogo ndani yake, nikaziunga ncha mbili ili nisidanganye, nikaanza kulifungua. Halikufunguka. Nilishinda nalo mpaka wakaniletea chakula, nikalipeleka kwa Bi Mize mguu mmoja ukipwaya kiatuni.

"Pengine ni vidole vyangu," nilisema.

Alilichukua. Aliligeuza mara moja, mara ya pili, akasimama tuli. Nikaona rangi inamtoka usoni. Alinifungia mlango kwa upole, akabaki ndani siku mbili, na alipotoka macho yalikuwa mekundu.

"Si vidole vyako, Mwalimu," alisema. "Halifunguki. Nimethibitisha kwamba halifunguki."

Nikamwambia pole. Kwa mshangao wangu alianza kucheka, na kile kicheko kilikuwa cha mtu aliyefunguliwa dirisha. Alisema kazi haijafa yote. Akiachiwa miaka miwili anaweza kuona ni wapi kanuni inashika na wapi inaachia, na huenda huko ndiko kwenye jambo lenyewe. Alizungumza kwa haraka, akichora hewani kwa kidole. Miaka kumi na sita imepita tangu apate tatizo lililo hai mkononi, aliniambia, na sasa wanataka kumkalisha.

Kesho yake tulikwenda kwa Katibu wa Viti, Bwana Ngwali, mtu mnene, mwenye tabasamu, aliyetupokea kwa mikono miwili na kututaja wote.

"Bi Mize, kazi yako imesomwa," alisema alipomaliza kutusikiliza.

"Na nani, Katibu?"

"Na Viti vitatu."

"Walisema nini?"

"Hawakusema kitu. Ndiyo maana imepita."

Bi Mize akaweka kamba ya kiatu mezani. Katibu aliiangalia kwa heshima, bila kuigusa. Akaeleza kwamba sheria haimruhusu mtu kuipinga kazi yake mwenyewe, kwa kuwa jambo hilo huhesabiwa kuwa ni unyenyekevu, na unyenyekevu una fomu yake. Akaitoa fomu. Bi Mize alisema hana haja nayo, anachotaka ni kazi ifutwe.

"Na wale kumi na mmoja walioijengea?" Katibu aliuliza. "Wawili wameshakuwa Wangoja Viti. Unataka nao warudi kubeba?"

"Wamejenga juu ya uongo."

"Wamejenga juu ya kazi iliyopita, dada yangu. Ukitaka, leta uthibitisho wa hilo fundo lako kwamba halifunguki. Viti vitausoma siku arobaini, na bila shaka utapita."

Nikashindwa kuvumilia. "Yaani zote mbili zitakuwa kweli?" nilisema. "Linafunguka na halifunguki?"

"Zitawekwa rafu tofauti," Katibu alinijibu kwa upole. "Mpaka leo hatujapata malalamiko."

Nilikasirika sana. Nilimwambia kwamba kwetu mwanafunzi wa kidato cha kwanza angeona haya. Hakukasirika. Aliandika jambo kwenye kitabu, akaniambia kwamba ameandika "maoni yenye uzito kutoka kwa mgeni," akanitaja tena. Kisha, kwa kuwa hakuwa mtu mbaya, akatufungulia kitabu cha sheria mahali ambapo kurasa zilikuwa zimegandana, hazijawahi kufunuliwa. Imeandikwa kwamba siku ya kukalishwa, mwenye kazi huandika muhtasari wake ubaoni bila kusema neno. Akishaweka chaki chini hungojwa kitambo, kisha kengele hupigwa. Katika kitambo hicho, mtu yeyote aliye hai ukumbini akiuliza swali, lolote lile, Kiti hakikaliwi mpaka swali lijibiwe kwa maandishi. Muda wa kujibu ni miaka miwili.

"Limewahi kuulizwa?" Bi Mize aliuliza.

"Ni sheria nzuri sana," Katibu alisema, akakifunga kitabu.

Siku iliyofuata, tukiwa njiani, nilimuuliza Bi Mize kwa nini asimwombe mwenzake mmoja. Akasema ameshawaomba watu tisa usiku na mchana, na wote tisa wameahidi kumtaja. Akasimama mbele yangu katikati ya barabara.

"Wewe si wa huku, Mwalimu. Huogopi mizani. Mimi nitaandika kanuni yangu ubaoni, kisha nitaichora mstari niifute, wote waone. Wewe uliza tu, 'Mbona umeifuta?' Maneno mawili hayo. Nipate miaka yangu miwili."

"Bi Mize," nilisema, "mimi nimeuliza maswali maisha yangu yote. Hilo lihesabu limekwisha."

Nilimaanisha. Nataka msomaji ajue kwamba nilimaanisha kwa moyo wangu wote. Siku zilizobaki nilikuwa nikilirudia swali lile kila nilipooga.

Ijumaa ukumbi ulijaa watu, wamesimama kuzunguka safu saba za Viti. Mbele palikuwa na ubao mpana, na kando yake kiti kitupu, kimepanguswa kiking'aa. Katibu alinipa mahali pazuri, safu ya mbele, hatua sita kutoka ubaoni. Watu themanini na zaidi waliokaa walikuwa wakipumua pamoja, na nilipogundua kwamba nami napumua nao nilijikohoza ili niachane nao. Bi Mize aliingia amevaa gauni jeupe. Hakuniangalia. Alishika chaki.

Akaanza kuandika, na watu mia nane wakafungua madaftari.

Nieleze vizuri hapa. Muhtasari ule haukuwa mfupi. Mwandiko wake ulikuwa mdogo, mwanga hafifu, na mahali pengine ilibidi nijinyooshe ili nione. Mistari ya kwanza niliifahamu, nikaifuata kwa kiburi cha mtu aliyeisoma kazi yenyewe. Kisha alama zikawa nyingi. Nilikosea moja, nikafuta, nikaharakisha ili nisiachwe nyuma. Ukumbi mzima ulikuwa unakwaruza, sauti moja, tena tamu, na sikumbuki kuwa na wazo lolote isipokuwa kwamba ukurasa wangu umekaa safi. Alifika mwisho. Akaiandika kanuni yenyewe kwa herufi kubwa. Akarudi nyuma hatua moja, akanyanyua mkono, na akachora mstari juu yake kutoka kushoto hadi kulia, kwa nguvu, mpaka chaki ikavunjika.

Akaweka kipande cha chaki chini.

Mstari ule ulikuwa mrefu na umepinda kidogo mwishoni. Niliuanza pembeni mwa kanuni, taratibu, mkono usitetemeke, nikauvuta mpaka upande wa pili. Nilitaka utoke vizuri. Nakumbuka kwamba pande zangu zote watu mia nane walikuwa wakiuvuta mstari huohuo, na kwamba kulikuwa na ukimya mzuri sana.

Kengele ikalia.

Niliinua kichwa. Bi Mize alikuwa ananiangalia. Nadhani alikuwa ameniangalia muda wote ule. Nikafungua kinywa, na swali likatoka, lakini watu walikuwa wameshaanza kupiga makofi, na Katibu aliyekuwa karibu nami aliinamisha kichwa kwa huruma, akasema kwamba ni swali zuri na atahakikisha linaandikwa.

Wanawake wawili walimshika Bi Mize mikono, kwa adabu, wakampeleka kwenye kiti. Njia yao ilipita mbele yangu. Aliwaomba wasimame kidogo, wakasimama. Machozi yalikuwa yananitoka, na daftari lilikuwa wazi shingoni mwangu. Aliliinua kwa vidole vyake vya chaki, akalitazama kwa makini, kama mwalimu anavyotazama kazi ya mwanafunzi.

"Mstari wako umenyooka kuliko wangu," alisema.

Kisha akaenda akakaa.